Inchi Moja ya Alhamisi

Ratiba ya michezo ilibandikwa kwenye ukuta wa uwanja Jumanne jioni, na Kumasi nzima ikaisoma kwa furaha isipokuwa mtu mmoja. Kuruka mbali: mchujo Jumatano saa nane mchana, fainali Alhamisi saa tisa. Amponsah aliisoma kwa macho, akairudia kwa kidole, kisha akamvuta mkono Lantei, mrukaji mwenzake aliyetoka Accra, akamwomba amsomee yeye.

"Fainali Alhamisi," Lantei akasema. "Una nini wewe? Uso umekushuka kama mtu aliyesoma tangazo la msiba wake mwenyewe."

"Alhamisi siruki."

"Acha utani."

"Siruki, Lantei. Alhamisi ardhi haiguswi."

Lantei akacheka mpaka akaegemea ukuta. "Nyinyi watu wa msituni mna vituko! Ule ni mchanga, bwana. Umeletwa na lori kutoka mtoni, nimeuona kwa macho yangu. Mchanga nao una siku?"

"Baba yako huenda kuvua Jumanne?"

Kicheko kikakatika. Lantei alikuwa Mga, kabila la pwani ya Accra, mtoto wa wavuvi kwa baba na babu, na hakuna mvuvi wa Kiga anayetia chombo majini siku ya Jumanne, hata samaki wawe wanaruka wenyewe ufukweni.

"Hiyo ni habari nyingine," akasema.

"Nyingine kivipi?"

"Jumanne bahari ina mwenyewe. Hilo kila mtu analijua."

"Haya. Na ardhi ina mwenyewe."

Lantei akakuna kichwa, akatazama tena karatasi ile ukutani kama anayetafuta mahali pa kuing'ata. "Sasa waliopanga hii ratiba ni akina nani? Hawana mama zao?"

Walikuwa na mama zao, na hapo ndipo jambo hili linaponikera mpaka leo. Ingekuwa kamati ya Wazungu watupu, tungesema hawajui, tukasamehe. Lakini Mzungu kwenye kamati alikuwa mmoja tu, na kazi yake ilikuwa bastola ya kuanzishia mbio. Tisa waliobaki walikuwa Waashanti wa kuzaliwa, waliokula fufu ya bibi zao hapa hapa, wakasoma, wakavaa soksi. Walikaa wakafikiri: michezo hii ni ya kwanza kukutanisha nchi nne, sisi wa Pwani ya Dhahabu, Nigeria, Siera Leone na Gambia, lazima uwanja ujae, je, ni siku gani wakulima hawaendi shamba? Alhamisi! Wakapigiana makofi kwa akili zao. Ni kweli kabisa, Alhamisi wakulima wote wamekaa. Ila katika watu tisa wale hakutokea hata mmoja wa kujiuliza wamekaa kwa nini. Siku ile ni ya ardhi, inapumzika, hailimwi wala haichimbwi. Wao wakaichagua siku hiyohiyo kuchimba shimo katikati ya Kumasi na kuwaita wakulima waje watazame! Elimu nyingine jamani ni hasara.

Amponsah hakuwa mtu wa mizimu. Jumapili alikwenda kanisani, na Jumatatu mpaka Jumamosi alibeba mbao kwenye kiwanda cha kupasulia magogo. Siku zote za Alhamisi alikuwa akibeba mbao kama kawaida, kwa maana kubeba si kuchimba. Aliupenda mchezo wake, alipenda kushinda, na tena alikitaka kile kiti cha ndege kwa moyo wake wote. Maana zawadi haikuwa kikombe. Mshindi wa kila mchezo angepanda ndege mwezi wa saba kwenda ng'ambo kushindana na walimwengu, mshindi peke yake, wa pili abaki kwao apige makofi. Miaka mitatu Amponsah alikuwa ameota ndege hiyo. Lakini alikuwa na mjomba.

Mjomba Kyei, kaka wa mama yake, ndiye aliyemlea kule Adumasa, na shamba la kakao la mjomba huyo ndilo lililomsomesha mpaka darasa la saba. Miaka mitano nyuma ugonjwa uliingia kwenye mikakao, ule wa kuvimba matawi, na watu wa serikali wakapita kila kijiji wakikata miti yote iliyougua na kung'oa visiki. Walifika Adumasa siku ya Alhamisi. Mjomba Kyei hakuwakatalia. Aliwaambia, kateni matawi mkitaka, lakini majembe yawekeni chini. Njooni kesho, Ijumaa, nitawasaidia kuchimba mwenyewe. Mkuu wao akasema kazi ni kazi na ratiba ni ratiba. Basi mjomba akaketi katikati ya njia ya shamba, panga magotini, akawaambia watapita juu yake. Walimbeba na panga lake, miti ikang'olewa siku ileile mbele ya macho yake, na yeye akala miezi mitatu gerezani. Alitoka na kikohozi ambacho hakijamtoka. Sasa mtu aliyelelewa na mtu huyo aende akaichimbue ardhi kwa visigino siku ya Alhamisi ili apigiwe makofi? Ng'oo.

Alipokwenda kumwambia Mwalimu Boadi, alimkuta anapiga pasi fulana za timu. Mwalimu alikuwa mfupi, mwenye sauti iliyomzidi kimo, na ndiye aliyemgundua Amponsah siku alipomwona anaruka mtaro wa barabarani na ubao begani, akimkimbia mbwa. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akailaza pasi juu ya fulana taratibu, ikawa dalili mbaya.

"Miaka mitatu!" akanguruma. "Miaka mitatu nakufundisha kuhesabu hatua kumi na tisa, usiku wa kuamkia michezo unaniletea habari ya Alhamisi! Wewe si Mkristo? Hukubatizwa wewe?"

"Nilibatizwa, Mwalimu. Ebenezer."

"Basi Ebenezer aruke!"

"Ebenezer hana neno, Mwalimu. Ila miguu ni ya Amponsah."

"Usinichekeshe, nina hasira. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, umesikia?"

"Nimesikia. Na mkuu wangu mimi ni mjomba."

Mwalimu akazunguka chumba mara mbili. Yeye mwenyewe alikuwa mtoto wa mkulima, alilijua jambo lile tangu tumboni, na nadhani ndiyo maana alikuwa amekasirika kiasi kile. Alipochoka kuzunguka aliketi, akatoa kile kitabu chembamba cha sheria za mchezo, akakifungua kwa kidole kilicholowa mate. Alisoma ukurasa baada ya ukurasa. Fulana mezani ilianza kunuka kuungua, Amponsah akaiinua pasi.

"Sikiliza hapa," Mwalimu akasema hatimaye, na safari hii sauti ilikuwa imeshuka. "Mruko mrefu kuliko yote, uwe wa mchujo au wa fainali, ndio unaohesabiwa. Wenzako wana miruko sita, mitatu kesho na mitatu keshokutwa. Wewe una mitatu tu. Ukiruka kesho mruko ambao hakuna atakayeufikia Alhamisi, umeshinda huku umekaa. Unaelewa ninachokwambia?"

"Naelewa."

"Huelewi. Yule Mnigeria, Osaro, kesho atajirukia kivivu apite mchujo tu, ajiwekee nguvu. Wewe lazima kesho uruke fainali peke yako."

"Basi nitairuka," Amponsah akasema, akaenda kulala, na alilala vizuri, maana kazi ya kesho alikuwa anaijua.

Jumatano upepo wa jangwani ulikuwa umeteremka, ule mkavu unaopasua midomo na kulifanya jua liwe kama sahani ya bati. Warukaji walikuwa kumi na mmoja. Osaro alitoka Benin, ule mji wa Nigeria, mrefu, mwenye mapaja ya farasi na adabu za mchungaji. Alimsalimia kila mtu kwa mkono, hata wale vibarua wawili wa kutoka kaskazini waliokuwa wakilainisha mchanga kwa majembe.

"Waashanti," akasema alipomfikia Amponsah, "mimi nilisikia kwenu watu hubebwa kwenye machela. Nyinyi nanyi mnaruka?"

"Anayebebwa ni mfalme. Sisi wengine tunaruka mitaro."

"Haya, leo hakuna mtaro. Pole pole usijiumize, kazi yenyewe kesho."

"Yangu ni leo," Amponsah akajibu, na Osaro akadhani ni majigambo.

Mruko wake wa kwanza ulikuwa mrefu ajabu. Watu waliinuka, Mwalimu akarusha kofia, kisha wote wakaona bendera nyekundu. Njumu yake ilikuwa imepita ubao kwa upana wa kidole na kuacha alama kwenye udongo wa mbele. Umefutwa. Alirudi akaketi kwenye nyasi, akafunga kamba upya ingawa zilikuwa zimefungwa.

Wa pili akauogopa ubao. Alipunguza hatua mbili za mwisho, akaukanyagia nyuma kabisa, akatua kwa futi ishirini na tatu na inchi moja. Mruko wa kumtosha mtu yeyote kuingia fainali, na kwake haukuwa na faida yoyote. Osaro alikuwa amesharuka ishirini na tatu na inchi nane akiwa kama anatembea sokoni, akaomba maji, akavaa koti.

"Sasa nisikilize mimi," Lantei akasema, akichuchumaa mbele yake. Yeye alikuwa ameponea chupuchupu, wa sita katika sita wanaopita. "Unautazama ubao mno. Ubao haukimbii, bwana! Umepigiliwa chini. Wewe kimbia, mguu utaukuta."

"Nikiuvuka tena?"

"Ukiuvuka tena, basi kesho utakula kenke ya mahindi na samaki pamoja nami, tutamtazama Osaro akipanda ndege. Kwani dunia itakwisha?"

"Kwangu itakwisha."

"Basi usiuvuke."

Amponsah alisimama kwenye alama yake. Hakuwa na hofu, aliniambia mwenyewe baadaye. Alikuwa na hasira. Aliwakasirikia wale waungwana tisa wenye soksi, akamkasirikia yule mkuu wa ratiba ni ratiba, akaukasirikia hata upepo. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga. Alivuta pumzi, akaanza kukimbia, na safari hii hakuhesabu. Miaka mitatu ya hatua kumi na tisa ilikuwa imeshaingia kwenye mifupa, haikuhitaji msimamizi. Aliusikia ubao ukigonga chini ya mguu, katikati hasa, akapanda, akaitupa mikono mbele, akakaza tumbo, akakataa kushuka. Kila mtu aliyekuwapo atakwambia alikataa kushuka. Alipotua mchanga ulimwingia mpaka mdomoni.

Bendera nyeupe. Waamuzi walivuta utepe, wakautazama, wakaurudia. Futi ishirini na nne na inchi tatu. Hakuna mtu aliyewahi kuruka hivyo katika uwanja ule wala mwingine wowote wa nchi zetu nne. Mwalimu Boadi aliketi chini kwenye vumbi na suruali yake nyeupe, akawa anasema, "Ebenezer, Ebenezer," kama anayeita kuku.

Osaro alikuja na koti lake begani. "Umeruka kama mtu anayefukuzwa."

"Nilikuwa nafukuzwa. Kesho siruki."

"Umeumia?"

Lantei ndiye aliyemweleza. Osaro alisikiliza, na hakucheka. "Mimi kesho nitaruka," akasema. "Kwetu nimeagwa na mama yangu na kijiji kizima. Nitaruka kwa nguvu zangu zote. Usije ukanilaumu."

"Usiporuka kwa nguvu zote ndipo nitakulaumu," Amponsah akasema, wakapeana mikono.

Basi ikafika Alhamisi. Wale tisa wa kamati walikuwa na haki ya kutamba: wakulima walijaa mpaka kwenye miti. Malori yalitoka kila upande, watu na vitambaa vyao vizuri begani, akina mama na masinia ya ndizi za kuchoma. Lori la Adumasa lilifika saa saba, na Mjomba Kyei akashuka wa kwanza, mwembamba, anakohoa, anacheka. Hakuwahi kuona michezo hii maishani mwake. Aliambiwa mpwa wake anaruka kuliko watu wote, akadhani wanaruka juu, kama watoto wanavyoruka kamba.

Amponsah alimkalisha kwenye benchi la mbele, karibu na shimo, naye akaketi pembeni yake na shati lake la kanisani.

"Mbona hujavaa kama wenzako?" mjomba akauliza.

Kabla hajajibiwa, vibarua wawili waliingia na majembe, wakaanza kuuchimbua mchanga ulioshindiliwa jana. Benchi zote za wakulima zikanyamaza. Kikongwe mmoja nyuma yao akajifunika uso kwa kitambaa. "Alhamisi!" mtu akasema kwa sauti ya chini, kama aliyeona mtu uchi.

"Ni mchanga tu, mzee," karani mmoja akasema akigeuka. "Si ardhi."

"Si ardhi?" Mjomba Kyei akamwuliza. "Ni nini basi, mkate?"

Watu wakacheka, hali ikalegea kidogo. Wengine wakasema wale vibarua ni wageni, miguu ya mgeni haina hatia, na wanaoruka wengi ni wageni pia. Mjomba akamgeukia mpwa wake, akalitazama shati lile kwa muda, kisha akawa ameelewa. Hakumsifu. Alimshika goti tu, akauliza, "Na ile ndege?"

"Jana niliruka mruko mzuri, mjomba. Usipopitwa leo, napanda."

"Na ukipitwa?"

"Nitakuwa nimepitwa."

Kwa kuwa yeye ndiye aliyeongoza Jumatano, jina lake liliitwa mwisho katika kila zamu. Zamu ya kwanza Osaro aliruka ishirini na tatu na inchi kumi. Lantei akaruka vizuri kuliko jana na bado akabaki wa sita. Mwamuzi akaita, "Amponsah!" naye akainuka pale pale kwenye benchi, akasema, "Napita," akaketi. Ninyi hamjui kazi ya kukaa. Miguu yake ilikuwa inamwasha. Alikuwa amelala, amekula, hana hata jeraha, na kila mtu aliyekimbia mbele yake alimfanya akaze vidole vya miguu ndani ya viatu.

Zamu ya pili Osaro aliruka mruko wa kutisha, mbali, mbali kweli. Bendera nyekundu! Mjomba alishusha pumzi kwa nguvu mpaka akakohoa. "Amponsah!" "Napita."

Zamu ya tatu, ya mwisho. Osaro alisimama kwenye alama yake, akafumba macho, midomo inacheza. Akaja. Nitasema ukweli, ulikuwa mruko mzuri sana, na mwenye kuusema vibaya ni mwenye kijicho. Alipotua hakuna aliyepiga makofi; wote walikuwa wanatazama utepe. Waamuzi waliinama vichwa vitatu pamoja, na yule aliyeshika kipaza sauti akasema kwa Kiingereza, kisha kwa lugha yetu: futi ishirini na nne, inchi nne.

Inchi moja! Kiungo kimoja cha kidole gumba.

"Amponsah!" mwamuzi akaita. "Mruko wa mwisho wa fainali. Amponsah, mara ya kwanza!"

Mwalimu Boadi alikuwa tayari amefika kwenye benchi, njumu mkononi, jasho linamtiririka. Hakunguruma. "Mwanangu," akasema, na hajawahi kumwita hivyo kabla, "sikuombi. Nimekuletea tu. Unaweza kumpita, nakujua. Unaweza kumpita kwa inchi sita." Akaziweka njumu kwenye benchi, akageuka asitazame.

Nyuma watu wakaanza. "Ruka! Mara moja tu!" "Ni mchanga!" "Wa Benin wanatucheka, ruka!" Na walioita walikuwa wakulima, wale wale walionyamaza majembe yalipoingia, wanaume ambao asubuhi ile wasingegusa jembe hata kwa kulisogeza mlangoni. Mtu hamtambui jirani yake mpaka nchi yake inaposhindwa kwa inchi moja.

"Amponsah, mara ya pili!"

Hapo Mjomba Kyei akamshika mkono. "Nenda," akasema.

Amponsah akadhani hakusikia. "Nini?"

"Nenda ukaruke. Kondoo ninaye nyumbani, dume, mnono. Kesho alfajiri namchinja, namwaga kinywaji, nasema mimi ndiye niliyekutuma. Iwe juu yangu. Mimi ni mzee, nina kikohozi, ardhi itanichukua karibuni vyovyote vile, tutaelewana huko huko. Wewe panda ndege yako, mwanangu. Nenda!"

Na macho ya mzee yalikuwa yamejaa maji, kwa sababu alikuwa anasema kweli. Hakuwa anamjaribu. Alimpenda kuliko ile siku yenyewe.

Amponsah aliziangalia zile njumu. Alizitaka, Mungu anajua. Aliinama akaziokota, na benchi zote zikalipuka kwa vigelegele, watu wakakumbatiana, Lantei kule chini akaanza kurukaruka. Alishuka mpaka kwenye njia ya kukimbilia, viatu vya kanisani miguuni, njumu mkononi. Osaro alikuwa amesimama kando, ameshika kiuno, anamtazama bila chuki. Amponsah akatembea kwa pembeni, kwenye nyasi, asikanyage njia, mpaka alipofika kwa mwamuzi.

"Napita," akasema.

Mwamuzi akadhani kelele zimemziba masikio. "Unasemaje?"

"Napita, bwana. Andika."

Kelele zilikatika kuanzia mbele kwenda nyuma. Mwamuzi akaandika. Osaro hakuruka kwa furaha. Alikuja akasimama mbele ya Amponsah, akampa mikono yote miwili. Kisha Wanigeria wenzake wakamnyakua juu juu, na hiyo ilikuwa haki yake.

Kurudi kwenye benchi ilikuwa safari ndefu. Mmoja alimzomea. Mwingine akasema, "Umetuaibisha, wewe," na karani yule akatema mate. Amponsah alikwenda moja kwa moja mpaka kwa mjomba wake, akasimama. Ndege ilikuwa imeshaondoka, na hilo alilijua.

"Nilikuruhusu," mzee akasema. "Nilikuruhusu kwa kinywa changu! Kwa nini umefanya hivi?"

"Siku ya kesi yako nilikuwa dirishani kwa nje, mjomba. Hakuna aliyeniona. Hakimu alikwambia toa kondoo wa kuituliza ardhi, yaishe, urudi nyumbani leo leo. Nilikusikia ulivyomkatalia."

Mjomba Kyei akaviangalia viatu vya kanisani vya mpwa wake.

"Ningeruka leo kwa kondoo," Amponsah akasema, "ungekuwa umekaa jela bure."

Mzee alisimama. Ilimchukua muda kusimama kwa sababu ya kifua. Kisha, mbele ya watu wa Adumasa na wa Kumasi na wageni wa nchi tatu, alishika kitambaa chake, akakiteremsha begani mpaka bega likabaki tupu, kama tunavyofanya mbele ya mfalme na si mbele ya mtu mwingine, seuze mtoto wa dada yako.

"Mjomba, acha," Amponsah akasema, akijaribu kumrudishia kitambaa huku machozi yakimtoka. "Acha, watu wanatazama."

"Watazame," mzee akasema.